Harusi za ufuoni: Kabla ya kuuliza bei, tuulize nani ataingia getini

Mwezi wa Agosti uliopita nilialikwa harusi katika hoteli moja ya ufuoni, kusini mwa Mombasa. Bwana harusi ni kijana wa mtaani kwetu anayefanya kazi Ghuba. Bi harusi amezaliwa Uingereza, wazazi wake ni watu wa Mji wa Kale. Mahema meupe yalikuwa yamesimamishwa mchangani, viti vimefungwa riboni, na njia ya maua imenyooka mpaka karibu na maji.

Getini kulikuwa na askari mwenye orodha. Shangazi yake bwana harusi, aliyemlea kijana yule tangu ana miaka sita, jina lake halikuwamo. Alisimama juani na kikapu chake cha halua karibu nusu saa, mpaka mtu wa ndani alipopokea simu. Alipoingia hakulalamika. Alikaa, akatazama bahari, akamwita kijana wa mapambo: "Mwanangu, leo si mwezi kumi na tano? Hivi viti mumeviweka ndani ya maji." Kijana alicheka kwa adabu. Saa kumi na moja kasorobo, wimbi la kwanza lilifika chini ya meza ya keki.

Hakuna aliyeumia. Watu walisaidiana, keki ikaokolewa, na wengine wakaipiga picha hiyo vurugu. Lakini mambo hayo mawili, orodha ya getini na maji ya bamvua, hayajanitoka akilini. Yote mawili yananiambia kitu kimoja: sisi Wapwani tumeanza kuikodi pwani yetu kama wageni. Tunachagua mahali pa harusi kwa kutazama picha, na tunayasahau maswali ambayo bibi zetu wangeyauliza kwanza.

Kwa nini tumehamia hotelini

Sitaki kuwalaumu vijana. Sababu zao ni za kweli. Ndugu wametapakaa Muscat, Dubai, Jeddah, London na Toronto, na wakija nyumbani wana likizo ya wiki mbili. Nyumba nyingi za zamani zenye behewa zimegeuka ghorofa za kupangisha. Uchochoro uliokuwa ukitandikwa mikeka na kuwekwa masufuria ya pilau leo umejaa magari na tuktuk. Hoteli inawapa vitanda, chakula, ukumbi na mahali pa watoto kucheza, vyote ndani ya ua mmoja. Usafiri nao umekuwa mwepesi. Tangu 2017 ndugu wa Nairobi wanashuka kwa treni Miritini. Wa kusini wana uwanja wa ndege wa Ukunda, wa kaskazini wana Malindi, na wa Lamu wana Manda.

Tena hoteli si adui. Vijana wetu ndio wahudumu, wapishi na watunza bustani humo. Mwaka wa 2020, corona ilipozifunga hoteli, hakukuwa na haja ya mtaalamu kutueleza Ukunda na Watamu zinaishi kwa nini.

Lakini tuhesabu pia kile tunachokiacha nyuma. Harusi ya mtaani ilikuwa riziki ya watu wengi. Kulikuwa na mpishi wa pilau na vijana wake, mpika mahamri, mchora hina, somo wa bi harusi, mshonaji kanzu, mwenye viti na maturubai ya kukodisha, wanawake wa vugo, wapiga taarabu, na hata mtoto aliyetumwa barafu. Pesa za harusi zilizunguka mtaani kabla hazijatoka. Harusi ya hoteli huingiza pesa hizo katika akaunti moja, kwa risiti moja, na mara nyingi mkataba unakataza chakula na watoa huduma wa nje. Mpishi aliyewapikia watu harusi za baba zao anaalikwa kama mgeni, naye pia jina lake litafutwe katika orodha.

Shughuli ni watu

Wazee wetu walisema shughuli ni watu. Kwao kadi ilikuwa taarifa tu. Anayepewa kadi moja huja na mkewe, mama mkwe, na jirani aliyekuwa amekaa naye barazani. Hakuna aliyeona ajabu, kwa sababu sufuria ilipikwa ikijua hivyo.

Hoteli haifanyi kazi hivyo. Inatoza kwa kichwa, na inataka uitajie idadi mapema. Hapo ndipo familia nyingi huumia mara mbili. Ukitaja watu 200 wakaja 150, unalipia 200. Ukitaja 200 wakaja 300, wale mia wanabaki getini, na mara nyingi ni wale wasio na simu ya maana, wasio na gari, wasiojua kubishana na askari. Waislamu tunayajua mafundisho mashuhuri ya Mtume kuhusu walima: kuwa chakula kibaya ni cha karamu wanayoitwa matajiri na kuachwa masikini. Hakuna mzazi anayekusudia hivyo. Lakini mkataba usiosomwa vizuri unaweza kulifanya jambo hilo kwa niaba yako.

Kwa hiyo, swali la kwanza kwa meneja wa hoteli lisiwe bei ya kichwa. Liwe hili: mgeni ambaye hayumo katika orodha akifika, nini kitatokea? Nani wa kwetu atasimama getini pamoja na askari wenu? Je, tunaweza kulipia sahani za ziada siku ile ile, na kwa bei gani? Hoteli nzuri itakuwa na jibu. Hoteli inayokunja uso kwa swali hilo imekwisha kukujibu.

Na wale wasioweza kufika hotelini kabisa je? Bibi wa miaka themanini hatembei mchangani. Kutoka Kisauni au Majengo hadi Diani si safari ndogo kwa mtu asiye na gari. Barabara ya Dongo Kundu imepunguza utumwa wa feri ya Likoni kwa wenye magari, ila mwenda kwa miguu bado ni wa feri. Kama familia ina uwezo wa kulipia hoteli, ina uwezo wa kukodi mabasi mawili. Hesabu ya mabasi iingie katika bajeti kabla ya hesabu ya maua.

Ufuo ni wa nani

Hoteli nyingi huuza neno moja tamu: ufuo wa faragha. Tulielewe neno hilo vizuri. Katiba ya 2010, kifungu cha 62, inaitaja ardhi yote iliyo kati ya alama ya maji kujaa na alama ya maji kupwa kuwa ardhi ya umma. Inashikiliwa kwa niaba ya wananchi na kusimamiwa na Tume ya Kitaifa ya Ardhi. Hoteli ina hati ya kiwanja chake. Haina hati ya mchanga unaofunikwa na kufunuliwa na maji.

Kanuni za upimaji wa ardhi nazo zinasema kwamba ardhi ya serikali iliyo ufuoni inapopimwa ili igawiwe, ukanda usiopungua mita 60 juu ya alama ya maji kujaa utengwe kwa kawaida. Atakayetembea kwa miguu kutoka Nyali mpaka Shanzu ataona mwenyewe jinsi kuta zilivyosogea karibu na mawimbi, na jinsi njia za wananchi kushukia baharini zilivyo chache na nyembamba.

Hili linagusa harusi yako kwa njia mbili. Ya kwanza, usilipie ahadi ambayo hoteli haina uwezo wa kuitimiza. Mvuvi atapita na nyavu zake, kijana wa vinyago atapita, mwenye ngamia atapita, na watoto wa kijiji cha jirani watakuja kutazama. Wana haki. Ya pili ni nzito zaidi. Hoteli ikiwafukuza watu hao ili picha zako zitoke safi, imewafukuza kwa jina lako. Itakuwa ni kinaya kikubwa kwamba Mpwani anafungiwa bahari siku ambayo Mpwani mwenzake anaoa. Sema mapema, na iandikwe: watu wapite. Kamba ikiwekwa, iwekwe ndani ya kiwanja cha hoteli.

Na kwa kuwa ufuo ni wa wote, kupamba hakuwezi kufanyika huko. Bi harusi aliyefunuliwa nywele na wanawake waliovua mabuibui wanahitaji ukumbi wenye kuta na mapazia. Hapa pia kuna maswali ya kuuliza. Je, kuna wahudumu wa kike wa kutosha usiku huo? Mpiga picha ni mwanamke? Simu za wageni zitahifadhiwa mlangoni? Na lile ambalo wengi husahau: kamera za usalama zilizo darini mwa ukumbi, nani anazitazama? Zizimwe au zifunikwe, na mtu wa familia ahakikishe kwa macho yake.

Soma mwezi kabla ya kusoma bei

Turudi kwa shangazi na maji yake. Yule mama hakusoma jedwali lolote. Alijua tu kile ambacho kila mvuvi anakijua kutoka Vanga mpaka Kiunga, kwamba bahari inafuata mwezi. Siku za mwandamo na siku za mwezi mpevu, yaani mwezi mosi na pili, kisha kumi na tano na kumi na sita, ni bamvua. Siku hizo kwetu maji hujaa kwenye saa kumi na saa kumi na moja jioni, na hupwa kwenye saa nne na saa tano asubuhi. Tofauti kati ya kujaa na kupwa hufika karibu mita 4, na ufuo mpana uliouona asubuhi huwa hauko tena wakati wa sherehe. Siku za maji mafu, kwenye mwezi nane na tisa, au ishirini na mbili na tatu, mambo hugeuka. Jioni maji yamepwa, na mchanga upo.

Kwa hiyo, anayechagua usiku wa mwezi mpevu kwa ajili ya picha nzuri anachagua pia saa kumi ya maji mengi. Si kosa. Apange sherehe kwenye nyasi, au aisogeze ianze asubuhi. Mamlaka ya Bandari huchapisha jedwali la maji kila mwaka. Lakini sisi tunaohesabu Mfunguo Mosi na Mfunguo Pili tuna jedwali letu ukutani, katika kalenda ya Kiislamu. Tarehe ya mwezi inakueleza hali ya maji kabla hujaipigia hoteli simu.

Majira nayo yana neno. Kuanzia Aprili hadi Juni ni masika. Bei hushuka, na baadhi ya hoteli hufunga kwa matengenezo. Anayechukua bei hiyo awe na ukumbi wa ndani ulioandikwa katika mkataba, si wa kuahidiwa kwa mdomo. Agosti, ndugu wa Ulaya na Ghuba wanapokuja, ni kusi. Hewa ni ya baridi kidogo, lakini upepo hung'oa maturubai na bahari haijatulia. Desemba mpaka Februari ni kaskazi, bahari safi, joto kali, na bei ya juu kwa kuwa watalii nao wamefika. Huko Malindi, mvua zikinyesha bara, mto Sabaki huleta matope na maji ya bahari hugeuka rangi ya chai. Picha za tovuti hupigwa siku nyingine.

Na jambo dogo la jua. Pwani yetu inatazama mashariki. Jua linachomoza baharini na kutua bara, nyuma ya hoteli. Wageni wengi huomba picha za jua likizama baharini nyuma ya maharusi, na mtu wa mauzo hawaambii ukweli. Anayetaka machweo juu ya maji atafute hori, kama vile Kilifi, Mtwapa au Mida. Anayetaka bahari kuu na jua aamke alfajiri. Bi harusi wengi hawataki kuamka alfajiri, na siwalaumu.

Jikoni, msikitini na serikalini

Jiko la hoteli ya kitalii huwahudumia watu wa kila aina. Kuuliza habari za halali si kumtukana mpishi. Uliza nyama inatoka kwa mchinjaji gani, kama kuna masufuria na makaango yasiyochanganywa, na baa itakuwa wapi siku hiyo. Uliza ada ya kuingiza mpishi wako, kwa maana hoteli nyingi zinazokataa mara ya kwanza hukubali zikilipwa ada na mpishi akiwa na cheti cha afya. Uliza mahali pa kuswalia na maji ya udhu, kwa sababu Maghrib itaingia katikati ya shughuli, na wazee mia moja hawawezi kupanga foleni kwenye choo kimoja.

Kuna sheria pia. Kanuni za kelele za 2009 zinahesabu usiku kuanzia saa mbili, na kiwango cha sauti kinachoruhusiwa hushuka hapo. Muulize mwenye hoteli kama ana kibali, usije ukazimiwa taarabu katikati. Plastiki za kutumia mara moja zimekatazwa ufuoni na katika hifadhi tangu Juni 2020, basi chupa na vikombe hivyo vibaki dukani. Watamu iko kwenye hifadhi ya bahari iliyoanzishwa tangu 1968, na kasa hupanda mchangani usiku kutaga. Taa kali na fataki huwarudisha majini.

Ndoa yenyewe nayo isisahauliwe katika maua. Sheria ya Ndoa ya 2014 inataka ndoa ya Kiislamu ifungishwe na kadhi, sheikh au imamu aliyeidhinishwa, na isajiliwe. Anayefunga ndoa ya kiserikali lazima atoe ilani siku zisizopungua 21 kabla. Kwa mtu wa hapa hayo ni karatasi tu. Kwa yule anayetaka kumpeleka mkewe Uingereza au Kanada, cheti ndicho kitakachoulizwa ubalozini, si albamu ya picha. Kama ndoa itafungwa msikitini, kama ilivyo desturi yetu, hakikisha msikiti uko karibu na hoteli, na kwamba wazee wa msikiti huo wamepewa habari kwa heshima. Msikiti wa kijiji cha Diani au Shela una wenyewe.

Njia ya kati

Wapo waliokwisha kuonyesha njia. Shela, huko Lamu, mchanga uko mbele ya mji. Wageni hulala katika nyumba za watu, mizigo hubebwa na punda, mashua hukodiwa kwa nahodha wa hapo hapo, na samaki hununuliwa asubuhi pwani. Pesa haihitaji kuvuka geti, kwa sababu geti lenyewe halipo. Wasini kuna njia ya mbao ya kina mama katikati ya mikoko na matumbawe, na Mida kuna njia kama hiyo ya wanakijiji. Picha za harusi zikipigwa huko, kiingilio kinabaki kijijini.

Hata anayetaka hoteli kubwa anaweza kuigawa shughuli. Nikahi ifungwe msikiti wa mtaani. Walima upikwe nyumbani au kwenye ukumbi wa mjini, kila mtu ale. Kupamba kuwe mahali penye kuta. Hoteli ibaki ya jioni moja, kwa wageni waliotoka mbali, na kwa fungate. Familia iliyofanya hivyo hulipia vichwa vichache hotelini, na mtaa wote hushiba.

Kaunti zetu nazo zina kazi. Kwale, Kilifi, Mombasa na Lamu zote hujitangaza kama kwao harusi. Basi zifungue njia za kushukia baharini zilizozibwa. Zipange sehemu za ufuo wa umma zenye vyoo, taa na kivuli, ambapo familia ya kawaida inaweza kufanya harusi kwa ada ndogo bila ya kupitia kwa mwenye hoteli. Wenye hoteli nao wakiweka orodha ya wapishi, wachora hina na manahodha wa kijiji cha jirani ndani ya vifurushi vyao, watapata amani na majirani ambayo askari wa getini hawezi kuwaletea.

Kwa familia inayopanga sasa hivi, nina ushauri mmoja wa bure. Siku ya kwenda kuitazama hoteli, usiende na mpiga picha tu. Nenda tarehe ile ile ya mwezi, saa ile ile ya sherehe, uone maji yako wapi. Na umchukue shangazi. Mwache atangulie getini peke yake, bila ya gari, na buibui lake na kikapu chake, wewe ukae nyuma kidogo utazame jinsi atakavyopokewa. Akikaribishwa na kupewa kiti, toa malipo ya kwanza. Akisimamishwa juani, mchukue mrudi nyumbani, mutafute kwengine.